Nimelipa 1,500 niwekewe Stephanie wa tamthilia ya Bold nikapewa mjukuu wake. Wauza muvi wa Mombasa mmetuzoea!!

Wanajamvi salaam aleykum. Naandika nina hasira na sitaki mtu aniambie tulia dada, nshatulia wiki tatu nzima na hakuna nilichopata. Na wale wa kuniambia muvi za kuwekewa kwa flashi ni za wizi msinianzie, najua, nyinyi wenyewe nawaona mkipanga foleni pale.

Mamangu ana miaka sabini na kitu, juzi juzi katolewa mtoto wa jicho, la kulia kwanza kisha la kushoto. Miaka kama minne hivi tivi kwake ilikuwa redio, asikiza tu. Siku ya kufunguliwa bandeji daktari kamuuliza, mama waona nini? Akamwambia nakuona wewe huna ndevu. Nesi akacheka mpaka akatoka nje. Sasa tuko kwenye tuktuk twarudi Majengo, mama yuatazama nje kama mtoto, asoma vibao vya maduka kwa sauti, mara akanigeukia, nataka kumuona Stephanie. Nikadhani ni jirani aliyehama. Stephanie yupi mama? Akanitazama kama mtu aliyejua leo kuwa kazaa mjinga. "Wa Bold. Mamake Ridge."

Waliozaliwa juzi hawataelewa. Sisi tulikuwa na tivi ya Great Wall ya chogo, antena imefungiwa juu ya mabati kwa waya, na mtu mmoja lazima atoke nje kuizungusha huku wengine wapiga kelele hapo hapo hapo, umepitisha! The Bold and the Beautiful, ile tamthilia ya Kimarekani, ikianza sebule yajaa, mama na wenzake na leso zao, mkeka chini, sisi watoto ukutani. Kizungu mama hana. Mimi ndiye niliyekuwa mkalimani, mtoto wa darasa la sita natafsiri mambo ya watu wazima na nyengine nazificha kwa aibu. Lakini kwa Stephanie hakunihitaji. Yule mwanamke alikuwa na namna ya kusikiza, mtu aongea upuzi mbele yake na yeye hajibu, taya limekaza, jicho halipepesi, halafu aiweka glasi chini polepole. Akiweka tu ile glasi mama asema, haya, leo pana mtu. Na kweli sekunde mbili hivi Brooke, hasimu wake, kashalambwa kofi. Sebule nzima takbiir.

Na ugomvi wa Brooke kwetu haukuwa wa Beverly Hills, ulikuwa wa fiqhi kabisa. Huyu mwanamke kaolewa na Eric aliyekuwa mume wa Stephanie, akaja akaolewa na Ridge mwana wa Eric, na Thorne nduguye Ridge naye hakumuacha! Bi mkubwa mmoja wa nyumba ya pili alikuwa akisimama asema haramu, haramu, mke wa baba haolewi na mwana, hata kitabu hawafungui hawa? Ikaja ikajulikana kumbe Ridge si wa Eric bali wa mwanamume mwengine, Massimo, na Stephanie mwenyewe akawa anaificha siri hiyo. Pale ndani palizuka mjadala ambao sheikh angelazimika kuitwa. Mama akakata shauri mwenyewe. Amelelewa na Eric basi ni wa Eric, na Stephanie aachwe.

Haya. Duka la muvi. Silitaji, liko mjini, mlango wake umebandikwa mapicha ya Waturuki. Nikamwendea kijana, nikamweleza polepole kama unavyomweleza mtu njia ya kwenda kwenu. Nataka Bold za zamani, miaka ya tisini, za Stephanie, yule mamake Ridge, mwanamke mtu mzima mwenye nywele fupi. Akasema haina noma dada, njoo kesho. Elfu moja mia tano, nitangulize mia nane. Nikatuma kwa M-Pesa hapo hapo nikamuachia na flashi ya GB 64 mpya kabisa. Kesho yake, bado yashuka dada, neti imekuwa nzito. Kesho kutwa, stima zilipotea. Wiki ya pili simu haishiki. Wiki ya tatu nimefika na leso kiunoni ndio nikapewa, nikamalizia mia saba yake, nikaondoka nashukuru kama nimefanyiwa hisani.

Nafika nyumbani mama kashaoga, kavaa, kakaa kwenye kiti chake na miwani mipya. Natia flashi, naona folda imeandikwa STEFANI FULL. Nafungua. Steffy! Steffy, wadau! Msichana mrembo hana neno, lakini huyo ni MJUKUU, binti wa Ridge na Taylor, kapewa jina la nyanyake. Kijana alitafuta jina tu mtandaoni, lililotoka akalishusha. Vipande vipande vya dakika nne nne, chini pamekaa tangazo la kubeti linapepesa. Nusu ya flashi ni tamthilia za Kituruki ambazo hakuna aliyeziomba, na muvi mbili za ngumi zilizotiwa maneno na DJ. Mama katazama kama robo saa, mpole kabisa, akaniuliza, "Stephanie yuaja saa ngapi?"

Nikampigia kijana. Kosa langu niliweka spika kwa sababu mikono ilikuwa na unga. Namwambia huyu si yeye. Ajibu, nanukuu: "Dada si jina ni moja? Yule bibi mwenyewe alikufa 2012, nani sahii ataka kuangalia wazee?"

Mama kashika kifua. Inna lillahi. Akaanza kumuombea mtu pale sebuleni, machozi kwenye macho ambayo daktari alisema yasisumbuliwe!!

Sasa wewe kijana, na najua humu jamvini upo, au nduguyo yupo akufikishie. ALIYEKUFA NI STEPHANIE. Mtu wa hadithi. Mwenye kazi yake aitwa Susan Flannery, na alistaafu mwaka huo, ndio wakamuua mhusika. Utamzikaje mtu kwa sababu tu kaacha kazi? Nyanyako akistaafu ualimu wamtia kwenye sanda?

Na hao "wazee" unaowadharau hebu kaa chini nikwambie. Huyu kazaliwa Julai 1939. Mwaka 1966 aliingia tamthilia ya Days of Our Lives kama daktari Laura na akakaa huko hadi 1975, na mwaka huo huo wa 1975 akachukua tuzo ya Emmy ya mwigizaji bora wa kike wa tamthilia za mchana. Mwandishi mkuu wa Days miaka hiyo alikuwa William J. Bell, huyo huyo aliyekuja kuanzisha Bold na mkewe Lee Phillip Bell, kwa hivyo alipompa nafasi ya Stephanie hakuwa anapiga ramli, alijua ampa nani. Katikati hapo dada wa watu hakulala. The Towering Inferno ya 1974, ile ya ghorofa refu linaloungua, yumo, Paul Newman yumo na Steve McQueen yumo, na yeye akaondoka na tuzo ya Golden Globe ya nyota mpya. Akapita tamthilia ya Dallas 1981 akamchezesha J.R. mwenyewe, yule tajiri mjanja, na waliomjua J.R. wajua hiyo si kazi ya mtoto.

Bold inaanza tarehe 23 Machi 1987, yeye yumo tangu episodi ya kwanza. Piga hesabu, ana miaka 47. Arubaini na saba! Hapa kwetu mwigizaji wa kike akifika umri huo apewa kilemba na jukumu moja tu, kulia msibani au kumuonea mke wa mwanawe, episodi mbili kisha asafirishwe shamba tusimuone tena. Huyu kaanzia hapo akaenda miaka 25. Episodi tano kwa wiki, maneno ya kukariri kila siku, na kazi ile haina muda wa kurudia rudia kama muvi, ukikosea wenzio wote wakungoja. Emmy nyengine akazipata 2000, 2002 na 2003, ya mwisho ana miaka 63. Kati ya ile ya kwanza na ya pili ni miaka ishirini na mitano, wewe hata hujafika umri huo nadhani. Episodi nyengine alikuwa akiziongoza yeye mwenyewe, yuko nyuma ya kamera. 2010 Stephanie akapewa saratani ya mapafu kwenye hadithi, wakampeleka Skid Row, mtaa wa Los Angeles wa watu wanaolala nje, na mle wakatia watu wa kweli wa mtaa huo wakisema maisha yao, si waigizaji waliopakwa matope.

Halafu wewe waniambia nani ataka kuangalia wazee. Mamangu ataka! Kangoja miaka minne gizani!

Nimempigia tena anirudishie pesa. Yuasema eti kazi ilifanyika, bando lilitumika, nikitaka nilete flashi nyengine na mia tano juu. Jana nimepita dukani nimemkuta mwenziwe, yuala viazi karai, anijibu bila kunitazama kuwa bosi yuko Malindi. Kila ninayemdai pesa mji huu yuko Malindi. Sijui Malindi kunawabeba vipi wote hao.

Mama nimemtuliza nikamweleza kuwa mwanamke mwenyewe hakufa, ni hadithi ilifika mwisho. Hiyo Stephanie kufa kwenye hadithi hakuwa anaijua, tuliacha kufuata zamani. Akakaa kimya, akaniuliza alifia wapi. Nikamwambia nyumba ya mapumziko huko mlimani, Big Bear. Mikononi mwa nani? Nikasita kidogo. Nikamwambia, Brooke.

"Muongo."

Wallahi mama, mikononi mwa Brooke, walikuwa wawili tu.

Akaitoa miwani, akaipangusa kwa pembe ya leso, akairudisha. Akasema nakwambia muongo, labda uniletee nione mwenyewe, macho sasa ninayo.

Kwa hivyo wadau, yeyote mwenye Bold za miaka ya tisini, ziwe zilirekodiwa kwa kaseti za VHS au vyovyote, aje inbox. Nalipa, lakini naona kwanza ndipo nalipa, na nakuja na laptopu yangu. Na ile episodi ya Big Bear ya Novemba 2012 naitaka nzima isiyokatwa katwa. Mama kaongeza kuwa zile ambazo Brooke yuko peke yake msijaze flashi bure.