Bangi inaleta ukichaa, au mwenye ukichaa ndiye anayeikimbilia?

MTOA HOJA: Wakuu, tulijadili hili bila kutukanana. Ikitajwa bangi tu, watu wanagawanyika. Kuna wanaosema ukivuta, akili imekwenda. Wengine wanasema ni jani tu, na aliyerukwa na akili alizaliwa na tatizo hilo. Mimi naona onyo la "ukivuta utakuwa kichaa" linaharibu kuliko linavyosaidia. Kijana akivuta mara tatu na asidhurike, hata ukija na ukweli hakusikilizi tena.

Na ukweli upo. Uswidi waliwafuatilia kwa miaka 15 vijana zaidi ya 45,000 walioandikishwa jeshini mwaka 1969 na 1970. Matokeo ya 1987 yalionyesha kwamba waliokuwa wamevuta bangi zaidi ya mara 50 walipata skizofrenia, ule ugonjwa wa akili wa muda mrefu wa kusikia sauti na kuamini mambo yasiyokuwepo, mara 6 zaidi ya wasiovuta. Lakini wengi wao hawakuugua kabisa. Hilo nalo lisemwe.

MPINZANI: Hapo umejifunga mwenyewe, mkuu. Watafiti haohao walipozingatia hali ya akili ya vijana siku ile ya kuandikishwa, pamoja na mambo mengine, ile mara 6 ilishuka ikabaki kama mara 2. Yaani baadhi walishaanza kuyumba kabla. Binamu yangu alianza kusikia sauti akiwa hajagusa bangi. Alivuta ili zinyamaze. Ukoo ukaona moshi, ukasema moshi ndio chanzo.

MWINGINE: Simkatalii binamu yako, ila hoja hiyo haitoshi. Mwaka 2004 watafiti wa Chuo Kikuu cha Yale walichapisha jaribio ambalo watu wazima wenye afya walidungwa THC, ile kemikali ya bangi inayolevya. Baadhi walianza kushuku watu na kuona vitu tofauti na vilivyo, kisha ikaisha baada ya saa chache. Hao hawakuwa wagonjwa wanaojitibu.

Halafu tukisema "bangi" tunasema bangi ipi? Utafiti wa 2019 uliolinganisha sehemu 11 za Ulaya na Brazili ulikuta anayevuta kila siku bangi kali, yenye THC asilimia 10 au zaidi, ana uwezekano wa karibu mara 5 wa kupata saikosisi, yaani hali ya akili kushindwa kutofautisha kilichopo na kisichokuwepo, kuliko asiyevuta kabisa. Mzee anayesema "sisi tulivuta na tuko wazima" huenda hajawahi kuionja hiyo.

MUUGUZI WA WODI YA AKILI: Mnaibebesha bangi mzigo wa wenzake. Wanaokuja wakichuna ngozi hadi damu, wakitafuta wadudu wanaotembea ndani, mara nyingi ni wa kokeini au methamfetamini, dawa za kulevya za kuchangamsha mwili. Huyo wa methamfetamini unamkuta hajalala siku kadhaa, ameziba dirisha kwa magazeti, simu ameifungua vipandevipande kwa sababu "wananisikiliza". Pombe nayo ina tabia yake: mlevi wa miaka mingi akiacha ghafla, siku ya pili hadi ya nne anaweza kuona wanyama ukutani huku anatetemeka. Huyo apelekwe hospitali mara moja, anaweza kufa.

Na sigara mbona hamuitaji? Uchambuzi wa tafiti nyingi uliochapishwa 2015 ulikuta asilimia 57 ya watu waliopata saikosisi kwa mara ya kwanza tayari walikuwa wavutaji.

MPINZANI: Dada muuguzi, sasa sigara nayo inaleta maruweruwe? Si tutamaliza vitu vyote!

MUUGUZI: Sijasema hivyo, kaka. Uchambuzi huohuo uliona wanaovuta sigara kila siku wana hatari ya saikosisi kama mara 2 ya wasiovuta, ila bado wanabishana kama ni tumbaku yenyewe au ni urithi na maisha. Ninachokishuhudia mimi ni kingine. Moshi unalifanya ini liunguze haraka dawa za kutibu saikosisi kama klozapini na olanzapini. Ni moshi, si nikotini. Mgonjwa akilazwa mahali pasiporuhusiwa sigara, dozi ileile inapanda mwilini. Unamkuta anasinzia na kijiko mkononi, mate yanamtoka, na ndugu wanalalamika kwamba tumemlewesha. Akitoka akarudia pakiti yake, dawa inashuka na sauti zinarudi, halafu mnasema amerogwa tena. Kwa hiyo mkimpeleka mtu kliniki, mwambieni daktari anavuta sigara ngapi na ameacha lini. Hakuna aibu.

MTOA HOJA: Asante dada. Swali la mwisho, kijana akichanganyikiwa kwa bangi kisha akaiacha, si inaisha?

MUUGUZI: Wengi hutulia ndani ya siku au wiki chache. Ukipita mwezi hajavuta na bado anasema majirani wanamsengenya ukutani, usiendelee kuilaumu bangi, ni ugonjwa unaohitaji tiba yake. Hata aliyetulia afuatiliwe: tafiti zikijumlishwa, karibu mmoja kati ya watatu waliopata saikosisi ya bangi huja kukutwa na skizofrenia baadaye. Na akiwa katika hali ile msibishane naye kwamba hakuna sauti. Anazisikia. Mwulizeni zinamwambia nini, maana zikimwamuru ajidhuru au amdhuru mtu, hamsubiri kesho.

MPINZANI: Binamu yangu hakuwahi kuulizwa hivyo na mtu yeyote. Bado nasema kwake bangi ilikuja baadaye.