Nilijifanya maiti jukwaani, mama mmoja akaanguka. Mpaka uko wapi?

Mwana wa Wete
Asalaam alaykum ndugu zangu. Mie mchekeshaji, tuko watano kikundini. Sikukuu pili usiku tulicheza uwanjani, watu wamejaa mpaka juu ya kuta. Mchezo wenyewe: maiti inaletwa na jeneza, wanaomdai wanagombana nani alipwe mwanzo, maiti inainuka kudai na yeye. Nilivaa sanda ya kweli, pamba puani, nikajipaka karafuu maiti mwili mzima. Nilitaka harufu ifike mstari wa tatu, na ilifika. Nilipoinuka vijana walicheka mpaka wakakaa chini. Mama mmoja wa mbele akaanguka kimya, hata ukelele hakupiga. Nikaja kuambiwa kazika mwanawe, arubaini haijatimia.

Tangu siku ile silali. Wako wanaonambia nimekufuru, niache kabisa. Mie naamini kichekesho kisichomshtua mtu hakimwamshi. Nakuulizeni kwa dhati, nimekosea wapi?

Binti Makunduchi
Kaka, usiache. Kwetu Mwaka Kogwa, sherehe ya mwaka mpya, mwezi wa saba, wanaume wanachapana mapanda ya migomba, na sisi wanawake tunawaimbia maneno ambayo siku nyengine huyatamki mbele ya mkweo. Banda la makuti linatiwa moto na mtu yumo ndani, anatoka mbio! Lakini kila aliyefika anajua kaja kuona nini, na siku ikipita hawekeani mtu kinyongo. Wewe yule mama ulimwambia?

Fundi Seti
Hapo kwenye kuambiwa ndipo. Msanii Marina Abramović, Napoli, Italia, 1974, alisimama kwa muda wa saa 6 mbele ya watu, mezani vitu 72: waridi, asali, mkasi, bastola na risasi yake. Kaandika kabisa wamfanyie watakalo, dhamana ni yake. Walimchania nguo, wakamkata shingoni, mmoja akamwelekezea bastola. Msanii mwengine, Chris Burden, California 1971, rafiki yake kampiga risasi ya mkono, na mwenyewe ndiye aliyetaka. Kazi zile naziheshimu kwa sababu maumivu waliyabeba wasanii wenyewe. Kwako kayabeba mtu aliyekuja na wajukuu kula ubuyu. Hao wadai juu ya jeneza usiwaguse, tunawaona kila msiba na lazima wasemwe. Ondoa karafuu maiti. Sanda mtu ataangalia pembeni, harufu ile ataikwepaje?

Bi Mkubwa wa Chake
Mwanangu, mie nakosha maiti wanawake, mwaka wa 19 huu. Harufu ile hainitoki mikononi, nikila wali naisikia. Yule mama hakukuona wewe pale. Kamwona mwanawe kainuka. Fikiri alivyofurahi kabla hajaanguka. Nenda kwake, usitume mtu.

Mwana wa Wete
Bi mkubwa, hilo la kufurahi halikunipitia kabisa. Nimekwenda jana baada ya alasiri. Kanipa kiti, tukanyamaza muda mrefu. Kisha kaniuliza wale wadai mwisho walilipwa? Mwanawe kaacha deni la bodaboda, na mwenye deni kabisha hodi siku ya tatu ya msiba, matanga hayajaanuliwa. Nimeanza kuuandika mchezo upya, kwa hodi ile.