Faili likilala kwa DPP, nani aulizwe?

Wengi humu mnasema kwamba kumwekea Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma wa Kenya, DPP, siku ya mwisho ya kuamua kesi za ufisadi ni kumlazimisha apeleke kesi mbichi mahakamani. Mimi napinga.

EACC, yaani Tume ya Maadili na Kupambana na Ufisadi, ikimaliza uchunguzi pale makao yake Integrity Centre, humpelekea DPP ripoti. Anaweza kukubali mashtaka, kulirudisha faili lichunguzwe zaidi, au kulifunga. Kifungu cha 157 cha Katiba ya 2010 kinasema haombi idhini ya mtu wala mamlaka yoyote ili aanzishe kesi. Kwa hiyo tukilalamika kwamba "serikali inachelewesha", tukumbuke kisheria hakuna waziri wala Ikulu wa kusubiriwa. (Kisiasa ni habari nyingine, na kila mtu Nairobi ana yake.)

Sheria ya ufisadi ya 2003 inamtaka DPP aripoti Bungeni kila mwaka, na akikataa pendekezo la EACC aeleze sababu. Akikubali tunaona, akikataa anajieleza. Akinyamaza je? Hapo sheria hiyo haimwekei siku, na hapo ndipo mafaili hulala.

Na kuna anayenufaika yakilala. Afisa wa umma husimamishwa kazi kwa nusu mshahara kuanzia siku anaposhtakiwa. Kabla ya hapo yuko ofisini, mshahara kamili, anatia sahihi hati za malipo. Mashahidi ni akina nani? Karani wa ununuzi, mhasibu, mtunza stoo: watu ambao yeye ndiye huwajazia fomu za tathmini na kuidhinisha likizo zao. Mmoja anahamishwa, mwingine anastaafu, wa tatu ghafla hakumbuki vizuri alichoandika kwenye taarifa yake. Kisha tunaambiwa ushahidi hautoshi.

Mchuuzi wa Moi Avenue akishikwa na kanjo, askari wa kaunti, asubuhi na beseni lake la ndizi, hasubiri miaka kujua kama atashtakiwa.

Najua mtaniletea kesi ya ufisadi ya mabwawa ya Arror na Kimwarer, mseme ilianguka kwa kukimbizwa mahakamani, na hoja hiyo ina uzito. Henry Rotich, aliyekuwa Waziri wa Fedha, alishtakiwa Julai 2019, akaachiliwa Desemba 2023. Lakini hakimu aliulaumu upande wa mashtaka kwa jinsi ulivyoiendesha kesi, hadi kutowahoji mashahidi wake wenyewe. Kesi ilikaa mahakamani zaidi ya miaka 4. Mtu asiniambie iliuawa na haraka.

India, ambako lazima serikali iidhinishe kwanza ndipo afisa wa umma ashtakiwe kwa rushwa, ilirekebisha sheria yake mwaka 2018: ijitahidi kutoa uamuzi ndani ya miezi 3, ikibidi iongezwe mmoja. Sisi tusiohitaji idhini hiyo hatuna hata kalenda.

Mimi ningeweka miezi 6, maana kesi za zabuni zina rekodi za benki, nyingine za ng'ambo. Muda ukipita, DPP aandike sababu, zichapishwe katika Gazeti la Serikali karibu na ripoti za EACC za kila robo mwaka. Na kila mara faili linaporudishwa ihesabiwe pia, la sivyo danadana itahamia hapo.

Mnaosema tusubiri tu, niambieni: yule karani wa ununuzi atalindwa vipi huku bosi wake bado ndiye anayemjazia fomu?