Fuso la marehemu mume wangu limekamatwa likiwa na mchanga wa mtoni, nifanyeje nilipate?

Mama Tumaini (Mbalizi):
Habari zenu wakuu. Naombeni mnisome hadi mwisho.

Mume wangu alituachia Fuso tipa, ndilo linalosomesha watoto. Analiendesha shemeji, jioni ananiletea hesabu. Wiki iliyopita doria ilimkuta mtoni, gari limejaa, makoleo bado yamechomekwa kwenye mchanga. Alilala ndani usiku mmoja akatoka kwa dhamana, gari likabaki. Risiti ya ushuru alikuwa nayo, akajua yuko salama.

Nimefuatilia mara tatu. Kwanza niliambiwa nisubiri mkubwa, safari ya pili nikaambiwa kuna faini. Ya tatu, mtu kanifuata nje ya geti, anataka laki nane mkononi gari litoke usiku. Sina karatasi hata moja. Mzigo bado umo, mvua inaunyeshea, springi zimelala na tairi moja la nyuma limeanza kukaa chini.

Mzee wa Uyole:
Pole sana mwanangu. Laki nane hiyo usitoe. Pesa ya serikali hulipwa kwa namba ya malipo na unapewa stakabadhi. Akikusumbua tena piga 113, ni TAKUKURU, taasisi ya kuzuia rushwa, hawatozi kitu.

Wakili wa Nyanda:
Mama, pole. Anza na karatasi. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura 20, inamtaka anayekamata mali atoe stakabadhi ya alichokamata. Idai kwa barua, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa.

Karatasi hiyo itakuonyesha gari limeshikiliwa kwa sheria ipi, maana mchanga wa mto una zaidi ya moja. Kwa Sheria ya Madini, Sura 123, mchanga ni madini ujenzi: anayechimba awe na leseni, na mzigo ulipiwe mrabaha, yaani malipo ya serikali kwa madini yaliyochimbwa. Risiti ya ushuru haisimami badala ya leseni, na hapo ndipo madereva wengi wanapoponzwa. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inalinda mita 60 kutoka ukingo wa mto. Halafu ipo Sheria ya Usimamizi wa Rasilimali za Maji ya 2009, inayosimamiwa na bodi za maji za mabonde. Usipojua ni ipi utazungushwa ofisi hadi ofisi.

Kosa likiwa la kufifilishwa, yaani kumalizwa bila kesi mahakamani, mkosaji anakiri kwa maandishi, analipa, shauri linaishia hapo. Hakikisheni maandishi hayo hayo yanataja kuachiwa kwa gari. Likienda mahakamani, muombe hakimu mkabidhiwe gari kwa masharti: hamliuzi, mnalileta likihitajika, picha zinabaki kwenye jalada.

Na shemeji asikimbilie kukiri mbele ya hakimu ili yaishe. Akitiwa hatiani, chombo kilichotumika kinaweza kutaifishwa. Wewe mwenye haki kwenye gari hilo unatakiwa kusikilizwa kabla ya amri hiyo, kwa hiyo usikose tarehe hata moja.

Kadi ina jina la nani?

Mama Tumaini:
La marehemu. Mirathi hatujafungua. Kikao cha ukoo tulikaa, muhtasari ninao.

Wakili wa Nyanda:
Basi hapo ndipo gari lingekwama hata mngelipa kila kitu. Cheti cha ndoa hakikupi mamlaka ya kusaini kwa niaba ya marehemu, anayesaini ni msimamizi wa mirathi. Nenda Mahakama ya Mwanzo na cheti cha kifo na huo muhtasari. Anza kesho, usingoje kesi ya mchanga. Kama huna uwezo wa wakili, tafuta watoa msaada wa kisheria, wapo kwa Sheria ya mwaka 2017.

Dereva wa Tunduma:
Dada, mimi nilishakaa na gari yadi miezi miwili. Piga picha leo: kilomita kwenye dashibodi, namba za matairi, betri, jeki, spea. Mchanga usiushushe kimyakimya, ni ushahidi. Omba kwa barua upimwe, upigwe picha, ushushwe wakiwepo wao. Springi zikikatika hakuna atakayekulipa.

Mkulima wa Songwe:
Mama Tumaini, nakuombea upate gari lako, watoto wasome. Ila nisikilizeni na mimi. Bustani yangu ya vitunguu ilikuwa hatua arobaini kutoka ukingoni. Juzi nimehesabu ishirini na mbili. Wanachimba chini ya ukingo, masika yakija ardhi inakatika na mazao yake. Gari likitoka, shemeji akachukue mzigo kwenye machimbo yenye leseni, hata kama ni mbali na faida ni ndogo.

Mama Tumaini:
Nimekusikia kaka, na shemeji nimemsomea ulichoandika. Hakujibu kitu, ila kakubali mtoni harudi.

Leo nimekwenda na dada wa msaada wa kisheria. Alipowapa barua wakaitafuta hati ya ukamataji, ikapatikana. Kosa ni la madini. Mirathi tunafungua Alhamisi, ukoo umeniteua mimi. Yule wa laki nane sikumwona.

Waliniambia nisaini kwamba vitu vyote vipo. Hati inataja betri mbili, nikafungua sanduku nikakuta moja. Nimeandika hivyo kwa mkono wangu pembeni, ndipo nikasaini.