The Reader: kwa nini Hanna alikubali kubeba kosa la wenzake?

Swali: Jana usiku niliitazama filamu ya The Reader (2008) mara ya pili, nikalia tena. Pale mahakamani Hanna, aliyekuwa mlinzi wa kambi ya Wanazi, anawekewa karatasi na kalamu ili mwandiko wake ulinganishwe. Anaitazama ile kalamu, kisha anasema ripoti ya walinzi kuhusu moto wa kanisani kaiandika yeye, ingawa hajui kuandika. Kifungo cha maisha! Jamani, aibu ya kutojua kusoma inazidi jela?

Jibu: Inazidi. Marehemu bibi yangu kila akienda benki alisema kasahau miwani. Hakuwahi kuwa na miwani.

Jibu: Huruma sawa, lakini wafungwa 300 waliteketea kanisani, walinzi hawakufungua mlango. Na Michael, kijana aliyefanya naye mapenzi miaka ya nyuma, alikuwa mtoto wa miaka 15.

Muulizaji: Sijawasahau. Ila Michael, alipokuwa akiifuatilia kesi kama mwanafunzi wa sheria, aliijua siri ile, akanyamaza. Hapo ndipo panaponichoma.