Mkopo wa nyumba wa miaka 20: nyumba moja tunailipia mara ngapi?

Mleta mada, Njiro, Arusha

Ndugu zangu, naomba tulijadili jambo hili kwa utulivu na kwa hesabu, kwa sababu kila linapozuka kwenye vikao vyetu huishia kwenye ubishi kati ya wanaosema benki ni wanyonyaji na wanaosema anayejenga kidogo kidogo atazeekea kwenye pagale. Swali langu ni hili: mfanyakazi wa kipato cha kati hapa Arusha au Moshi, mwenye ajira ya kudumu, achukue mkopo wa nyumba wa miaka 20, au ajenge kwa jasho lake kama walivyojenga wazazi wetu?

Hadi mwezi uliopita mimi nilikuwa upande wa mkopo. Tulikwenda na mke wangu kwenye tawi la benki moja hapa mjini kuulizia shilingi milioni 80 kwa ajili ya nyumba ya vyumba vitatu maeneo ya Moshono. Ofisa alitupokea vizuri, akabonyeza kompyuta yake, kisha akaandika namba moja tu kwenye kikaratasi na kuizungushia duara: 1,173,000. Hilo ndilo rejesho la kila mwezi. Akauliza kama tunalimudu. Tukatazamana, tukajibu kwamba tutajibana.

Hakuna aliyetudanganya. Hata hivyo, jioni ile nilikaa na kikokotoo (cha mezani, si kile cha pensheni) nikazidisha rejesho lile kwa miezi 240, nikapata zaidi ya shilingi milioni 281. Riba tuliyotajiwa ni asilimia 17 kwa mwaka, inayotozwa kwenye salio linalopungua, yaani kwenye deni lililobaki tu, na nilidhani kwa ujinga wangu kwamba asilimia 17 ya milioni 80 ni milioni 13 na ushei, basi. Kumbe ni milioni 13 na ushei kila mwaka, mwaka baada ya mwaka, mpaka deni lenyewe lianze kupungua.

Na halipungui upesi. Katika rejesho la kwanza, shilingi 1,133,000 ni riba, na zinazogusa deni ni 40,000 tu, fedha ambayo haifiki bei ya mifuko mitatu ya saruji. Baada ya miaka 5 tutakuwa tumelipa milioni 70, na deni litakuwa limeshuka kutoka milioni 80 hadi milioni 76. Nusu ya deni tutaivuka tukiwa tayari ndani ya mwaka wa 17. Kwa hiyo mtu anayeuza nyumba katikati ya safari kwa sababu ya uhamisho au ugonjwa, akidhani amekwisha kujijengea fungu kubwa, atashangaa atakapoandikiwa kiasi kilichobaki.

Lililoniumiza zaidi ni kwamba hatukuuliza kuhusu miaka. Mkopo uleule, kwa riba ileile, ukilipwa kwa miaka 15 rejesho ni 1,231,000. Tofauti ni shilingi 58,000 kwa mwezi, lakini kwa jumla unalipa milioni 221 badala ya 281. Milioni 60 zimejificha ndani ya elfu hamsini na nane, na kwenye kile kikaratasi hazikuwa na mahali pa kuandikwa.

Karibuni.

Mchangiaji, Pasua, Moshi

Ndugu mleta mada, umesema vyema, ila mimi niliyejenga bila benki sitaki watu wadhani njia yangu ilikuwa ya bure.

Kwetu kihamba, yaani shamba la ukoo, kipo, lakini kihamba cha ukoo hakiwekwi rehani. Hata kama benki ingekubali kukipokea bila hati, wazee wasingekubali. Kwa hiyo nilinunua kiwanja huku chini mwaka 2012 nikachimba msingi mwaka huohuo. Boma lilisimama 2015. Likakaa miaka minne bila paa, na kila masika nilikuwa nikienda kulitazama kama mtu anayemtazama mgonjwa: tofali za juu zimeota ukungu, nondo tulizoziacha zikichungulia juu ya nguzo zimekula kutu mpaka fundi akazikata akaweka nyingine. Mbao za kupaulia nilizonunua mapema ziliibwa usiku mmoja. Fundi wa kwanza aliondoka na fedha ya linta. Nilihamia 2023, bila dari, huku jikoni kukiwa na sakafu ya zege tupu.

Ninalo daftari ambamo nimeandika kila senti. Ukijumlisha vifaa na ufundi, nyumba yangu ni nafuu kuliko yoyote ya mkopo. Lakini daftari hilo lina ukurasa ambao sikuwa nimeuandika hadi niliposoma mada yako: katika miaka hiyo 11 nilikuwa nimepanga kwa shilingi 250,000 kwa mwezi. Ni milioni 33. Hizo nazo ni riba, ila nilimlipa mwenye nyumba badala ya benki.

Pamoja na hayo, sijawahi kulala nikimwota dalali.

Mhasibu, Sakina, Arusha

Naomba niwe mrefu kidogo, kwa sababu hesabu ya mleta mada ni sahihi lakini haijakamilika, na aliyeishia kwenye milioni 281 amekimbia kabla filimbi haijapulizwa.

Kwanza, shilingi ya leo na shilingi ya miaka 20 ijayo si shilingi moja. Tukichukulia mfumuko wa bei wa asilimia 4 kwa mwaka, kiwango ambacho si cha ajabu kwa Tanzania ya miaka ya karibuni, marejesho yote 240 yakipimwa kwa thamani ya leo yanashuka hadi takriban milioni 194. Bado ni zaidi ya mara mbili ya mkopo, sikatai, lakini si mara tatu na nusu.

Pili, ni lazima uweke kodi ya pango upande wa pili wa mizani. Tuseme mleta mada anapanga Njiro kwa shilingi 450,000, na mwenye nyumba anapandisha asilimia 5 kila mwaka. Kwa miaka 20 atakuwa amelipa kama milioni 178, huku akidaiwa kodi ya miezi sita kwa mkupuo kila mara, na mwisho wa yote anaondoka na funguo za kurudisha. Hata hivyo, tuwe wakweli kwa upande huo pia: mwaka wa kwanza kodi haifiki nusu ya rejesho, na kwa mpando huo hata katika mwaka wa 20 kodi inakuwa 1,137,000, bado haijalifikia rejesho. Anayesema “badala ya kulipa kodi, lipia nyumba yako” anaongea kana kwamba fedha hizo mbili zinalingana. Hazilingani. Kuna shilingi laki saba na ushei kila mwezi zinazopaswa kutoka mahali fulani, na zinatakiwa zaidi katika miaka ileile ambayo watoto wanaanza shule. Aliye ndani ya nyumba yake pia ndiye anayepaka rangi, anayetengeneza bomba na anayekatwa kodi ya jengo kwenye umeme wa LUKU.

Tatu, kwa nini riba iwe juu hivi? Tulikuwa na Benki ya Nyumba Tanzania, THB, iliyoanzishwa kwa sheria ya 1972 na kufa 1995, na baada yake mikopo ya muda mrefu ya nyumba ilikaribia kutoweka kabisa. Ndipo ikaja sheria ya mikopo ya nyumba ya 2008, na mwaka 2010 ikaanzishwa TMRC, kampuni inayozikopesha benki fedha za muda mrefu ili nazo ziweze kutukopesha. Riba za wakati ule zilikuwa kati ya asilimia 22 na 24, na siku hizi zimeshuka hadi kati ya 13 na 19, lakini mikopo yote ya nyumba nchini bado haifiki asilimia 1 ya pato la taifa. Benki inapokea amana ambazo mteja anaweza kuzitoa kesho asubuhi, halafu tunaitaka itukopeshe kwa miaka 20. Tena ina mkopaji mwingine mkubwa anayegombania fedha hizohizo: serikali. Kabla ya 2022 hati fungani yake ya miaka 25, yaani hati ya deni anayoiuza ili kukopa, ilikuwa ikilipa karibu asilimia 16 kwa mwaka. Mwenye benki angekukopesha wewe na mimi kwa 12 kwa mapenzi gani?

Neno la mwisho: ulizeni kama riba ni ya kudumu au inabadilika. Wengi husaini mkataba unaoipa benki haki ya kuibadilisha, kisha wanapiga hesabu ya miaka 20 kana kwamba 17 imechongwa kwenye jiwe.

Mwalimu, Usa River

Kaka mhasibu, nimekusoma kwa heshima, lakini hiyo shilingi inayopungua thamani ingenisaidia endapo mshahara wangu ungepanda pamoja na bei za sokoni. Mchele unapanda, nauli inapanda, rejesho limekaa palepale, nami mshahara wangu unakaa palepale pamoja nalo. Unafuu huo ni wa yule anayeongezewa kipato.

Jambo lingine ni umri. Mimi nina miaka 45, na mtumishi wa umma anastaafu kwa lazima akiwa na 60. Benki inanihesabia miaka 15, haina 20 ya kunipa. Na makato hayaruhusiwi kuvuka pale ambapo theluthi moja ya mshahara inabaki mkononi mwangu, kwa hiyo mjadala wa milioni 80 hauko kwenye meza yangu hata kidogo.

Wengi wetu tunakopa vipande vipande kwenye SACCOS, tunapaua kwa mkopo mmoja na kupiga lipu kwa mwingine. Hapo nina swali. Wananiambia riba ni asilimia 12, nafuu kuliko benki. Ni kweli?

Mhasibu, Sakina, Arusha

Dada mwalimu, kuhusu mshahara umenikamata, nakubali.

Kuhusu SACCOS, uliza asilimia 12 ya nini. Ikiwa ni ya salio linalopungua, ni nafuu kweli. Ikiwa ni ya mkopo wote wa awali hadi mwisho, maana yake ukikopa milioni 10 kwa miaka 5 unatozwa riba ya milioni 6, unarejesha 266,667 kwa mwezi, na mwezi wa mwisho bado unatozwa riba ya fedha uliyokwisha kuirudisha zamani. Ukiigeuza kwa kipimo cha benki, hiyo 12 ni asilimia 20 hivi. Anayelinganisha 12 ile na 17 ya benki analinganisha debe na kilo.

Wakili, Moshi

Nitaongeza machache, kwa kuwa mmejikita kwenye riba na gharama nyingine mmeziruka. Kuna ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, bima ya maisha ya mkopaji, bima ya jengo na usajili wa rehani. Baadhi zinalipwa mara moja, na bima huweza kujirudia kila mwaka, kwa hiyo ziulizeni kwa majina, moja moja.

Kuhusu dalali anayeotwa usiku: Sheria ya Ardhi ya 1999, pamoja na marekebisho yake, inamtaka mkopeshaji ampe aliyeshindwa kulipa taarifa ya siku 60 kabla ya kufikia hatua ya kuuza. Inamtaka pia atafute bei nzuri kadiri inavyowezekana, na nyumba ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya ile ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inachukulia kwamba wajibu huo umevunjwa hadi mkopeshaji athibitishe vinginevyo. Nimeona watu wakiikunja barua ya taarifa na kuiweka kabatini kama vile ikifichwa inanyamaza. Siku 60 ndizo za kuzungumza na benki kuhusu kupanga upya marejesho. Baada ya nyundo ya mnada hakuna mengi ya kuzungumza.

Na nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi wa ndoa. Mwenzi anaposaini, asisaini tu kwa sababu mume amesema “weka sahihi hapa”. Ana haki ya kuelewa kinachosainiwa.

Mleta mada, Njiro, Arusha

Nashukuru kwa wote, na kwa mzee wa Pasua hasa, kwa ule ukurasa aliouandika kwa kuchelewa.

Baada ya kuwasoma nilifanya hesabu moja zaidi. Tukichukua mkopo wa miaka 20 lakini kila mwezi tukaongeza shilingi 100,000 juu ya rejesho, na laki hiyo ikapunguza deni moja kwa moja, tutamaliza kwa miaka 13 na mwezi mmoja hivi, na tutakuwa tumelipa kama milioni 200, pungufu ya zile 281 kwa milioni zaidi ya 80. Mwezi ambao mtoto ameugua tunarudi kwenye rejesho la kawaida bila kumkosea mtu. Kwangu mimi huo ndio mkopo unaostahili kufikiriwa, kuliko ule wa miaka 15 unaokubana bila kupumua.

Lakini yote yanategemea kama mkataba unaruhusu kulipa zaidi bila faini, na kama nyongeza hiyo inapelekwa kwenye deni au inakaa tu kwenye akaunti ikisubiri rejesho la mwezi ujao. Jana tulirudi kwenye lile tawi tukauliza hivyohivyo. Ofisa yuleyule alifungua rasimu ya mkataba, akasoma kimya, akarudia kusoma, kisha akanyanyua simu na kumpigia mtu wa makao makuu. Tumeambiwa tusubiri jibu kwa maandishi. Fomu ya ridhaa tuliondoka nayo. Ipo kwenye mkoba wa mke wangu, na amesema haitatoka humo kabla ya jibu hilo kufika.