Tupeane uzoefu: kesi ya ploti iliyoishia kwa mapatano ya korti

MamaTumaini, Utawala
Wapendwa, nawaomba mliowahi kumaliza kesi ya kuuza au kununua ardhi kwa konsenti, yaani mapatano ya pande zote mbili, iliyorekodiwa kortini mtusimulie ilivyokwenda. Kuna watu humu wanazeeka na kesi mikononi na hawajui kwamba mlango huu upo. Naanza na yangu.

Tulinunua ploti Ruai, hapa Nairobi, kwa awamu. Tulipokuwa tumelipa zaidi ya nusu, bei za huko zikapanda, muuzaji akataka tuongeze. Tulipokataa akadai mkataba umevunjika, akaanza kuwaonyesha wengine ploti ile ile. Tukaenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi pale Milimani, tukapata amri ya kumzuia kuuza. Baada ya hapo ni kutajwa na kuahirishwa, kutajwa na kuahirishwa. Mume wangu ndiye aliyesema, hebu tumwite tuongee.

Pesa hazikutusumbua: tulikubali kumaliza salio na nyongeza kidogo. Ubishi ulikuwa nani aanze. Yeye anataka pesa kwanza, sisi tunataka hati kwanza. Mwishowe salio likawekwa kwa wakili wake, naye akatoa ahadi ya maandishi kwamba halitaguswa mpaka wakili wetu apokee hati asili, fomu ya uhamisho iliyotiwa sahihi na idhini ya mke wa muuzaji. Yule mama alikuja mwenyewe. Alisoma karatasi mstari kwa mstari akifuata kwa kidole, akauliza, "Na gharama za kesi?" Sote tulikuwa tumesahau. Ikaandikwa kila mtu abebe zake.

Kifungu ninachokishukuru hadi leo ni hiki: muuzaji asipotia sahihi katika muda uliowekwa, naibu msajili wa mahakama atie sahihi kwa niaba yake. Haikufika huko, lakini nililala usingizi.

Kijana wa Kayole
Sisi tulikubali kurudishiwa pesa badala ya ploti. Iliandikwa kwamba akikosa awamu moja, deni lote linadaiwa papo hapo. Akakosa ya tatu. Hatukuanza kesi upya, tulienda moja kwa moja kukazia hukumu, yaani korti imlazimishe kulipa. Msikubali "nitalipa nikipata", tafadhali.

Karani Mstaafu
Niongeze hapo. Mkipatana nje na msipeleke kortini, mmebaki na mkataba tu, na ukivunjwa mnashtakiana tena. Yakirekodiwa chini ya Agizo la 25, kanuni ya 5, ya Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za 2010, yanakuwa hukumu. Haikatiwi rufaa. Na kuifuta ni kazi ngumu: tangu uamuzi wa Mahakama ya Rufaa wa 1988 katika kesi ya Flora Wasike, lazima uonyeshe sababu inayotosha kuvunja mkataba wowote, kama ulaghai au njama. Kujuta hakutoshi. Kwa hiyo ugomvi wote uishe kabla ya sahihi.

Dada wa Pipeline
Mimi nina uchungu, samahani. Wakili wangu alitia sahihi konsenti bila kunisomea. Nikaomba ifutwe, jaji akasema wakili aliye kwenye rekodi, yaani anayeniwakilisha rasmi kortini, akitia sahihi ni kama nimetia mimi. Nyumba ilienda kwa bei ambayo singeikubali kamwe. Ombeni rasimu, mkae nayo nyumbani, mtu mwingine pia aisome.

MamaTumaini, Utawala
Pole sana dada yangu, na asante kwa kulisema hadharani.

Aliyeniuliza inboksi kuhusu ushuru wa stempu, ule unaolipwa serikalini ardhi ikihamishwa: ni wa mnunuzi, asilimia 4 mijini na 2 mashambani. Mthamini wa serikali ndiye anayekadiria thamani ya ardhi, kwa hivyo msipige hesabu kwa bei ya mkataba wa zamani, hasa kama kesi imekaa miaka. Sisi ilibidi tukimbie chamani kuongezea.